Ubundu: Ukimwua mwizi aliyeingia kwako usiku, sheria itakuona mlinzi au mwuaji?

Tuanze na mfano. Si tukio la mtu fulani, lakini kila anayeishi kando ya reli ya Kisangani–Ubundu anaweza kuuona kama vile ulitokea kwa jirani.

Ni saa nane za usiku. Baba mwenye nyumba anasikia mbuzi analia. Anachukua panga chini ya kitanda, anawasha tochi ya simu, anatoka. Kwenye zizi kuna mtu. Mtu yule anageuka ghafla, ana kitu mkononi. Baba anapiga. Yule anaanguka, anainuka, anakimbia kuelekea shamba la mihogo. Baba anamfuata, anampiga tena mara mbili. Asubuhi kijiji kinakuta maiti hatua arobaini kutoka nyumbani. Kile alichokuwa amekishika ni kamba ya kufungia mbuzi.

Kijijini wengi watasema: mwizi amekufa kazini. Mama zake marehemu watasema neno lingine. Kisha anafika OPJ, ofisa wa polisi anayefanyia parke kazi ya upelelezi, na karatasi yake ina mstari mmoja tu wa kujaza mahali pa kosa. Ataandika nini? Jibu la swali hilo linaweza kumrudisha yule baba nyumbani kwake siku hiyohiyo, au kumfunga maisha yake yote.

Nimeuliza swali hili kwa sababu katika Ubundu, na katika jimbo zima la Tshopo, neno “tulikuwa tunajikinga” limesikika sana tangu mwezi wa pili 2023, wakati mzozo wa ardhi kati ya Wambole na Walengola ulipolipuka upande wa Lubunga na kuingia ndani ya teritwari. Mkataba wa ardhi ya kampuni ya kilimo CAP Congo ndio uliokuwa cheche. Watu waliuawa, vijiji vilichomwa, makumi ya maelfu walikimbia, wengi wakielekea mjini Kisangani. Kila upande ulisema kwamba ni upande mwingine ulioanza. Ndiyo maana inafaa kujua sheria ya Kongo inaelewa nini inaposikia neno kujikinga, na inaishia wapi.

Kifungu ambacho hakimo

Jambo la kwanza linashangaza wengi. Fungua Kode penale ya Kongo, yaani ile dekreti ya tarehe 30 mwezi wa kwanza 1940 ambayo imebadilishwa mara nyingi lakini bado ndiyo msingi. Tafuta kifungu kinachosema raia ana haki ya kujikinga. Hutakipata. Hakimo.

Hiyo haimaanishi kwamba haki hiyo haipo. Mahakama za Kongo zinaikubali kama kanuni ya jumla ya sheria, ile ambayo wanasheria wanaiita kwa Kifaransa légitime défense, na walimu wa sheria wameifafanua kwa miaka mingi. Mwanafunzi wa sheria anakutana nayo tangu somo la sheria ya adhabu ya jumla, katika vitabu kama vya Profesa Nyabirungu mwene Songa. Ikikubaliwa na hakimu, inafuta kosa kabisa: hakuna adhabu, kwa sababu hakuna kosa.

Lakini kanuni ambayo haijaandikwa ina taabu yake. Wabelgiji walioleta Kode penale huku walikuwa na yao nyumbani, ya mwaka 1867, yenye vifungu viwili juu ya jambo hili, 416 na 417. Kile cha pili kilimsaidia hasa mwenye nyumba: kama umempiga mtu aliyekuwa anapanda ukuta au kuvunja mlango wa nyumba inayokaliwa, usiku, sheria ilianza kwa kudhani kwamba ulikuwa unajikinga, isipokuwa ionekane kwamba hukuweza kuamini kuwa watu wako hatarini. Vifungu hivyo havikusafiri hadi Kongo. Mbelgiji wa Liège alikuwa na sentensi ya kumwonyesha hakimu. Mkulima wa Ubundu ana kanuni isiyoandikwa, na avoka, kama anaye.

Hakimu anatafuta nini

Katika kanuni hiyo, mambo yanayotazamwa yanajulikana, na yanaanza na shambulio lenyewe. Lazima liwe la kweli na liwe linatokea sasa hivi au liko karibu kabisa kutokea. Lazima liwe la haramu: huwezi kudai ulijikinga dhidi ya polisi aliyekuja na hati halali ya kukukamata. Na lazima lielekee mtu, wewe au mwingine. Juu ya mali peke yake, wanasheria wanabishana. Lakini hata wale wanaokubali kwamba mtu anaweza kukinga mali hawakubali kwa urahisi kwamba mbuzi analipwa kwa uhai.

Halafu anatazamwa aliyejikinga. Je, ilikuwa lazima kupiga, au kulikuwa na njia nyingine? Alipiga wakati uleule wa hatari, au baada ya hatari kupita? Na alichofanya kililingana na kile kilichomtishia?

Rudi kwenye zizi la mbuzi. Pigo la kwanza lilitokea gizani, mtu amegeuka ghafla, kitu kiko mkononi. Avoka mzuri anaweza kusimama juu ya pigo hilo. Atasema mteja wake aliamini kwa kweli kwamba anashambuliwa, na mtu yeyote mwenye akili timamu, mahali pale na saa ile, angeamini hivyohivyo. Kamba iliyoonekana asubuhi haikuonekana usiku.

Pigo la pili na la tatu ni hadithi nyingine. Mtu alikuwa anakimbia. Alikuwa amegeuza mgongo. Hatari ilikuwa imeondoka pamoja naye kuelekea mihogo. Pale baba alipovuka uwanja wa nyumba yake akimfuata, aliacha kujikinga na akaanza kuadhibu. Na kuadhibu ni kazi ya tribinali.

Watu wengi hawajui kwamba sheria yenyewe ina bei ya wizi, na bei hiyo siyo kifo. Kwa kifungu cha 80 cha Kode penale, wizi wa kawaida una kifungo kisichozidi miaka 5. Kama mwizi amevunja mlango, au ameingia usiku katika nyumba wanamokaa watu, kifungu cha 81 kinaruhusu kufika hadi miaka 10. Wizi wa silaha ni jambo lingine kabisa, na una adhabu kali kuliko zote. Lakini mwizi wa mbuzi, hata angekamatwa mara tatu, hakuna hakimu wa Kongo ambaye angeweza kumhukumu afe.

Ngazi ambayo haina kipande cha katikati

Sasa tuseme hakimu ameona kwamba mtu alikuwa na haki ya kujikinga lakini amepita kipimo. Anaangukia wapi?

Kifungu cha 44 cha Kode penale kinasema aliyeua kwa nia ya kuua anapata kifungo cha maisha. Kifungu cha 45 kinasema kama alipanga mbele, adhabu ni kifo, na tusisahau kwamba tangu ile barua ya Wizara ya Sheria ya tarehe 13 mwezi wa tatu 2024, serikali imeondoa usitishaji wa kunyonga uliokuwapo tangu 2003, ikiwalenga wasaliti katika jeshi na majambazi wa mijini wanaoua. Chini ya hapo kuna kifungu cha 48: uliyempiga kwa makusudi bila nia ya kumuua lakini akafa, miaka 5 hadi 20. Chini kabisa kuna kifo cha uzembe, vifungu vya 52 na 53, miezi 3 hadi miaka 2.

Katika ngazi hiyo hakuna mahali palipoandikwa: aliyeua akijikinga lakini kwa kuzidisha. Mtu huyo lazima asukumwe juu au chini. Mwendesha mashtaka atasema panga kwenye shingo ni nia ya kuua, kwa hiyo kifungu cha 44. Avoka atasema mteja wangu alitaka kumzuia tu, kwa hiyo 48. Kati ya hayo mawili kuna tofauti ya maisha mazima na miaka mitano, na inaamuliwa kwa kutazama kidonda.

Kinachobaki ni kifungu cha 18. Hiki ndicho mlango wa huruma katika sheria yetu. Kinamruhusu hakimu, akiona hali za kupunguza adhabu, abadilishe kifungo cha maisha kuwa kifungo cha miaka atakayoipima mwenyewe. Woga, giza, uchochezi wa marehemu, kutokuwa na historia ya makosa: vyote vinaweza kuingia humo. Na hakimu anapaswa kuziandika hali hizo katika hukumu yake. Ni mlango mzuri, lakini ufunguo uko mkononi mwa hakimu peke yake. Anaweza kuufungua, na anaweza kukataa. Na hata akiufungua, jina la kosa linabaki lilelile: umeua kwa kusudi.

Wahindi waliandika sentensi hiyo

Kuna nchi zilizoamua kwamba mtu wa namna hii anastahili jina lake mwenyewe katika sheria. Mfano mkubwa ni India. Kode penale yao ya mwaka 1860 ilitumia vifungu zaidi ya kumi, kuanzia 96 hadi 106, kueleza haki ya mtu kujikinga. Kisha kifungu cha 300, kile cha mauaji, kikaweka mambo yanayotoa tendo katika jina la mauaji. Jambo la pili kati ya hayo linamhusu baba wa zizini: aliyekuwa na haki ya kujikinga, akaizidisha kwa nia njema, bila kupanga mbele na bila kukusudia kutenda mabaya zaidi ya yale yaliyohitajika kujikinga, hakufanya mauaji. Amefanya kosa la kuua lililo dogo kuliko mauaji, lenye adhabu yake.

Waandishi wa sheria hiyo waliweka na mfano, kama mwalimu darasani. Mtu mmoja anataka kumchapa mwenzake kwa mjeledi wa farasi, kwa namna ambayo isingemuumiza sana. Mwenzake anatoa bastola. Yule wa mjeledi haachi. Mwenye bastola, akiamini kwa nia njema kwamba hana njia nyingine ya kuepuka kuchapwa, anafyatua na kumuua. Sheria inasema: huyu ana kosa, lakini si mwuaji. Mjeledi haulipwi kwa risasi, ila hofu na aibu ya kuchapwa ni vitu vya kweli.

India ilibadilisha kode hiyo, na mpya ikaanza kutumika tarehe 1 mwezi wa saba 2024. Vifungu vilipewa namba nyingine. Wazo hilo lilibaki.

Msomaji wa Ubundu anaweza kuuliza India inatuhusu nini. Inatuhusu kidogo zaidi ya tunavyodhani, kwa sababu sheria hiyo ilivuka bahari. Waingereza waliitumia Zanzibar, Kenya, Uganda na Tanganyika, hadi Kenya, Uganda na Tanganyika zilipopata kode zao mwaka 1930 na Zanzibar miaka michache baadaye. Kode hizo mpya zilifuata zaidi mawazo ya Uingereza, lakini miaka ya 1950 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki iliendelea kusema kwamba aliyejikinga kwa nguvu kupita kiasi anaweza kuhukumiwa kwa kuua bila kukusudia badala ya mauaji. Si moja kwa moja, wala si kwa kila mtu. Kesi inatazamwa kwa mambo yake. Lakini kipande cha katikati kilikuwepo. Ng'ambo ya mpaka wetu wa mashariki, mkulima wa Uganda aliyezidisha pigo anaweza kukiomba kwa jina lake. Mkulima wa Tshopo anaomba huruma ya kifungu cha 18.

Sisemi kwamba huko kila kitu kilikuwa cha haki. Kenya ilikuwa na kesi ya Thomas Cholmondeley, mjukuu wa familia ya Lord Delamere yenye ardhi kubwa kule Bonde la Ufa. Mwaka 2005 alimpiga risasi na kumuua mlinzi wa wanyamapori aliyekuwa bila sare katika shamba lake; alisema alidhani ni majambazi na kwamba alijikinga, na mwanasheria mkuu wa serikali akaifuta kesi. Mwaka mmoja baadaye mtu mwingine akafa kwa risasi katika shamba lilelile. Mara hii alihukumiwa mwaka 2009, kwa kuua bila kukusudia, miezi 8 juu ya miaka mitatu aliyokuwa amekaa gerezani akingoja. Wakenya wengi waliona kwamba kipande cha katikati kimegeuka godoro la tajiri. Kwa hiyo ngazi yenye vipande vingi siyo dawa, kama anayeipanda ana avoka watano na aliyekufa alikuwa fundi wa mawe.

Mchawi hana shambulio

Kuna jambo moja ambalo halimo katika vitabu vya Ulaya na ambalo hapa haliwezi kuachwa. Watu wanaua kwa sababu ya uchawi, na wanasema walijikinga. Mtoto amekufa, mganga amemtaja bibi fulani, vijana wanamwendea na mapanga “kabla hajamaliza ukoo”.

Kwa sheria, hakuna kujikinga hapo. Shambulio linalotakiwa ni lile linaloonekana na kupimwa. Uganda iliwahi kuwa na kesi ngumu mwaka 1941: watu walimkuta mwanaume usiku akitambaa uchi ndani ya uwanja wao, wakaamini kwamba ni mchawi aliyekuja kuwadhuru, wakamuua. Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki haikusema walijikinga. Ilisema kwamba kuonekana kwa mtu yule katika hali ile kuliwachochea ghafla na vikali, ikashusha kosa kutoka mauaji. Ila walimkuta palepale, wakapandwa na hasira palepale. Anayekaa siku tatu akinoa panga na kuuliza njia ya nyumba ya bibi hana hata hilo. Mbele yake kuna kifungu cha 45.

Kijiji hakijikingi kwa kwenda kijiji kingine

Hapa turudi kwenye kile kilichoumiza Tshopo. Haki ya kujikinga ni ya wakati wa shambulio. Watu wakivamiwa nyumbani kwao alfajiri, na moto tayari juu ya majani ya paa, yule anayefyatua kalibri 12 yake ya kuwindia dhidi ya anayemjia na mkuki anaweza kusimama mbele ya hakimu na kueleza. Anayesikia kwamba kijiji kile kinajitayarisha, akakusanya vijana, akavuka msitu usiku na kuwatangulia, hana cha kueleza kwa jina hilo. Hofu yake inaweza kuwa ya kweli kabisa. Lakini hatari haikuwa mlangoni.

Na yule anayelipiza wiki mbili baadaye? Kwake hatari imekwisha. Kilichobaki ni uchungu. Uchungu ni hali ya kupunguza adhabu, pengine. Si haki ya kuua.

Vijana pia wadanganyika kwa wingi wao. Wanafikiri wakiwa hamsini hakuna atakayeulizwa. Kifungu cha 21 cha Kode penale kinasema wote walioshirikiana moja kwa moja kutenda kosa ni watendaji, na kifungu cha 23 kinawapa adhabu ya mtendaji. Aliyeshika miguu na aliyeshika panga wanasimama mstari mmoja. Ni hivyohivyo kwa ile “haki ya watu” ya mijini, wakati kuluna mmoja anakamatwa, anafungwa, na kundi linaanza kurusha mawe. Mtu aliyefungwa kamba hamshambulii yeyote.

Kuna wanaonijibu kila mara tunapozungumza haya: polisi wako wapi? Swali ni la haki. Sheria ya India ina kipengele, kifungu cha 99 cha kode ya zamani, kinachosema huna haki ya kujikinga kama ulikuwa na nafasi ya kukimbilia kwenye ulinzi wa serikali. Kisome ukiwa Delhi, ni kizuri. Kisome ukiwa katika kijiji cha Ubundu ambako polisi wa karibu yuko nusu siku kwa baiskeli, mtandao wa simu unashikwa juu ya kichuguu, na treni haiji kwa saa. Utaona kwamba nafasi hiyo haikuwepo. Kwetu, swali la hakimu kuhusu “njia nyingine” lazima lipimwe kwa njia zilizopo, siyo kwa zile zilizoandikwa. Avoka anayetetea mtu wa Ubundu ana sababu ya kumweleza hakimu kwanza jiografia, kabla ya sheria. Lakini jiografia inaeleza pigo la kwanza tu. Haielezi hatua arobaini.

Baada ya pigo

Jambo baya kuliko yote ambayo aliyejikinga anaweza kufanya ni kukimbia au kuficha maiti. Ninaelewa kwa nini wanakimbia: familia ya marehemu inaweza kufika kabla ya polisi. Lakini kwa parke, aliyekimbilia msituni anafanana na mwuaji, na aliyetupa mwili kwenye Lualaba anafanana naye zaidi. Kama kubaki ni hatari, kuna kwenda moja kwa moja kwa shefu wa kijiji au kituo cha polisi na kusema mwenyewe kilichotokea, mbele ya mashahidi.

Na kama aliyepigwa bado anapumua, lazima asaidiwe. Kode penale inamwadhibu anayemwacha mtu hatarini wakati angeweza kumsaidia bila kujihatarisha. Zaidi ya hayo, mwenye nyumba aliyemfunga mwizi kidonda kwa kitambaa na kuita watu wambebe kwenda kituo cha afya ameandika, kwa mikono yake, ushahidi bora kwamba hakutaka kuua.

Mazungumzo ya familia ni mazuri kwa amani, na hapa kwetu mbuzi, pesa na kahawa ya matanga vimezuia vifo vingi vya kulipiza. Lakini hayafungi dosiye. Kuua ni jambo la parke hata kama wazee wa pande zote wamekula pamoja. Makubaliano hayo hakimu anaweza kuyatazama kama hali ya kupunguza. Hayawezi kumfunga mikono.

Katiba, kifungu cha 18, inasema mtu hawezi kukaa mikononi mwa polisi zaidi ya saa 48 bila kuachiwa au kupelekwa mbele ya mwenye mamlaka ya mahakama. Kifungu cha 19 kinampa haki ya kuwa na mtetezi tangu upelelezi. Kwa dosiye ya kuua, tribinali ya amani haina uwezo, kwa kuwa inaishia kwenye makosa ya miaka 5; kesi ni ya TGI. Kwa hiyo dosiye itaondoka Ubundu na kwenda mjini. Reli yetu ni kilomita 125 hivi, imefunguliwa tangu 1906 ili kuruka maporomoko ya Boyoma, na kila anayeijua anajua kwamba saa 48 zinaweza kwisha njiani. Mashahidi nao lazima wasafiri. Jirani aliyeona tochi na kusikia kelele hana nauli ya kwenda Kisangani kungoja kesi iliyoahirishwa mara nne. Hapo ndipo kesi nyingi za kujikinga zinapotea: sheria ingeweza kumsaidia mtu, ila aliyeona hakufika.

Ndiyo maana karatasi ya OPJ, ile ya kwanza kabisa, ina uzito kuliko maneno mazuri ya baadaye. Mlango ulivunjwa au la. Tochi ilikuwa inawaka au la. Kidonda kiko kifuani au mgongoni. Kamba ya mbuzi ilikuwa mkono gani. Na kutoka kizingiti cha nyumba hadi mahali damu ilipokauka, ni hatua ngapi. Azihesabu mbele ya shefu na ya mtu mmoja wa familia ya marehemu, kisha wote watatu watie sahihi au kidole.

Baba wa mfano wetu anazo arobaini.